Ikulu Zisizo na Kuta: Mhadhara juu ya Makao ya Watemi wa Simiyu



Mgeni akishuka stendi ya Bariadi leo, akaomba aonyeshwe magofu ya ikulu ya mtemi wa Ntuzu, wengi wetu tutakuna kichwa. Pengine tutamtuma kwa mzee fulani. Mzee atamwonyesha shamba la pamba, na pembeni mwa shamba mti mkongwe ambao wenyeji wanaustahi. Mgeni ataupiga picha ule mti, atashukuru, ataondoka akiamini kwamba Simiyu haina historia ya kutazamwa.

Hoja yangu leo ni moja. Magofu ya ikulu zetu yapo, ila yamekaa ardhini, kwenye miti, kwenye ngoma na kwenye vinywa vya watu. Anayeyatafuta kwa kipimo cha mawe atayakosa, na sheria inayotumia kipimo hicho itayaacha yapotee. Ili niieleze vizuri hoja hii nitaanza mbali, huko Uskoti, halafu nitarudi nyumbani.

Mnara wa ukoo

Kati ya karne ya 14 na ya 17, wakuu wa koo na makabaila wa Uskoti walijijengea nyumba za mnara. Lilikuwa jengo la mawe, jembamba na refu, lenye kuta nene. Chini palikuwa na ghala lenye dari ya tao, juu yake ukumbi wa kulia chakula na kupokea wageni, na juu zaidi vyumba vya kulala. Ngazi za ndani zilikuwa nyembamba, za kuzunguka, ili mtu mmoja mwenye upanga aweze kuwazuia wengi. Nyumba ikajengwa hivyo kwa sababu jirani aliogopwa. Koo zililipizana kisasi, na wizi wa ng'ombe ulikuwa jambo la kawaida. Msukuma aliyesimuliwa na babu yake habari za mifugo iliyoporwa usiku ataielewa nyumba hiyo bila mkalimani.

Chukueni mfano wa Eilean Donan, ngome iliyo kwenye kisiwa kidogo mahali zinapokutana ghuba tatu za bahari. Ilikuwa ya ukoo wa Mackenzie, na watu wa ukoo wa MacRae ndio walioilinda kwa niaba yao. Mwaka 1719 askari wa Hispania waliokuja kuwaunga mkono waasi wa mfalme wa Uingereza waliwekwa humo. Manowari za mfalme zikaipiga mizinga, kisha ikalipuliwa kwa baruti. Kwa karne mbili ikabaki gofu. Mwaka 1911 mtu wa ukoo, John MacRae-Gilstrap, akakinunua kisiwa, na kati ya 1919 na 1932 akaijenga ngome upya. Mwaka huohuo wa 1911 mkuu wa ukoo wa Maclean, Sir Fitzroy Maclean, alilinunua gofu la Duart katika kisiwa cha Mull, makao ya wahenga wake, akaliezeka na kuhamia.

Kilichoua minara hiyo hakikuwa mizinga peke yake. Baada ya waasi wengine wa mfalme kushindwa huko Culloden tarehe 16 Aprili 1746, Bunge la Uingereza lilitunga sheria iliyowanyang'anya wakuu wa Uskoti haki ya kurithi ya kuendesha mahakama. Mkuu wa ukoo hakuwa hakimu tena, lakini ardhi ilibaki mkononi mwake. Wengi wakageuka kuwa wenye mashamba tu, wakawatoza kodi watu wa ukoo wao wenyewe, na baadaye maelfu ya watu hao wakahamishwa kupisha kondoo. Mnara uliokosa baraza na walinzi ukakosa na kazi. Mwenyewe akahamia nyumba ya kisasa, paa likabomoka, ukuta ukasimama.

Basi gofu la Uskoti limefika kwetu kwa sababu tatu: lilijengwa kwa jiwe, lilikuwa na hati ya ardhi, na lilikuwa na mrithi aliyepata fedha baadaye. Sasa tuzichukue sababu hizo tatu, tuje nazo Simiyu.

Ikulu ya mtemi

Mkoa wetu ulianzishwa mwaka 2012, lakini ndani yake zimo dola kongwe zaidi. Hapa Bariadi ni Ntuzu, na jirani yake Dutwa. Kuna Itilima na Kanadi, kuna Meatu na Kimali, kuna Ng'wagala upande wa Maswa, na kuelekea Ziwa Victoria kuna Nassa, ambayo sasa imo Busega. Wilaya mbili kati ya tano za mkoa zinaitwa kwa majina ya dola hizo, Itilima na Meatu. Watu zaidi ya milioni 2 waliohesabiwa Simiyu katika sensa ya 2022 wanaishi juu ya ramani ya watemi, wajue wasijue.

Mtemi wa Kisukuma hakuwa mkuu wa ukoo kama yule wa Uskoti. Watu wake walitoka koo nyingi, na ukoo wake mwenyewe, ambao mara nyingi masimulizi huuleta kutoka magharibi ya Usukuma, ulikuwa mdogo kati yao. Aliteuliwa na wazee wa ikulu, banang'oma, na kwa desturi ya zamani hawakumtafuta miongoni mwa watoto wa mtemi aliyefariki. Walimtafuta upande wa dada zake, kwa wapwa. Mtoto wa mtemi alikulia ikulu, akaijua kila kona yake, na baba alipofariki akaondoka.

Hapo ndipo lilipo jibu la nusu ya swali la kwa nini ikulu zetu hazina magofu ya kutazamwa. Mtemi mpya alianza na ikulu mpya. Alikuwa na mji wake wa nyumbani, wakeze na ndugu zake, na mara nyingi alijenga mahali pengine, si palepale alipofia mtangulizi wake. Ikulu ya zamani ikabaki na walinzi wa makaburi na kumbukumbu tu, ikawa itongo, yaani mji ulioachwa. Udongo wa itongo una rutuba kwa sababu ya samadi ya miaka mingi, na baada ya kizazi kimoja au viwili jembe likaingia. Dola ilidumu wakati makao yake yanahama. Uskoti mnara ulikaa mahali pamoja ukapokea warithi. Usukuma mrithi ndiye aliyeamua makao yawe wapi.

Na ikulu yenyewe ilikuwaje? Kwanza ilikuwa uzio. Nguzo zilichimbiwa ardhini, na minyaa ikapandwa kwa safu zilizosongamana. Minyaa haiguswi na mbuzi wala haiungui kwa urahisi, na utomvu wake mweupe ukiingia jichoni unaweza kumpofusha mtu. Mbele ya washambuliaji waliokuja usiku kupora ng'ombe, ukuta huo unaoota wenyewe ulifaa kuliko wengi wanavyodhani. Ndani mlikuwa na nyumba za msonge za wake za mtemi, zizi, kiwanja cha baraza chini ya mti, maghala ya mtama na uwele, na nyumba ya ngoma.

Maghala yalikuwa siasa. Watu walimlimia mtemi na kumletea sehemu ya mavuno, na katika mwaka wa njaa walitarajia yafunguliwe. Mvua ilikuwa siasa pia. Mtemi alibeba dhamana ya mvua na mbegu za kwanza, na ukame ukizidi angeweza kuondolewa. Mwenye cheo cha namna hiyo hakuwa na sababu kubwa ya kujenga ukuta wa kumtenga na watu wake, kwa kuwa usalama wake ulitegemea wao kumwona kila siku akitimiza wajibu.

Ngoma ndizo zilizokuwa hati ya dola. Pamoja na kigoda, mikuki na duara la kombe la bahari lililovaliwa kwenye paji la uso, zilihama kutoka ikulu moja kwenda nyingine. Angalieni kombe hilo: lilitoka Bahari ya Hindi, likapita mikononi mwa wafanyabiashara wa misafara, likaishia kwenye kichwa cha mtawala aliyekaa mamia ya kilomita kutoka pwani. Simiyu haikuwa kisiwa.

Mwaka 1875 Henry Morton Stanley alipita Usukuma akielekea ziwani, akafika Kageye mwishoni mwa Februari, na akauhesabu mto Simiyu kuwa kijito cha kusini kabisa kinacholisha ziwa ambalo ndilo chimbuko la Nile. Mto ukaingia kwenye ramani za Ulaya ukabaki humo. Makao yaliyokuwa kandokando yake yalihama, na ramani haina subira na kitu kinachohama.

Jiwe lilikuwepo

Mtu asiseme hatukujenga kwa jiwe kwa kukosa jiwe. Usukuma imejaa majabali ya matale, baadhi yamepangwa juu ya mengine kana kwamba fundi amepita. Kujenga kwa miti, tope na nyasi ulikuwa uamuzi wa watu wanaohamisha makao, wanaopumzisha ardhi, wanaofuga. Gharama ya uamuzi huo tunailipa sisi: mchwa na mvua humaliza nyumba ya nyasi isiyokaliwa katika misimu michache.

Wala mtu asiseme Waafrika wa bara hawakujua ngome. Mkwawa wa Uhehe aliizungushia Kalenga ukuta wa mawe. Wajerumani waliuvunja tarehe 30 Oktoba 1894 kwa mizinga, na leo Kalenga ina makumbusho yenye fuvu linalotambuliwa kuwa la Mkwawa, lililorudishwa kutoka Ujerumani mwaka 1954. Isike wa Unyanyembe alikuwa na ngome imara karibu na Tabora. Ilipozidiwa Januari 1893 alijilipua kwa baruti yake mwenyewe kuliko kutekwa. Walijenga hivyo kwa sababu vita vyao vilikuwa vya aina hiyo, vya bunduki, misafara na majeshi ya kudumu. Dola ndogo za mashariki ya Usukuma zilikuwa na hatari nyingine, nazo zikajilinda kwa njia nyingine.

Kuna jambo la kujifunza hapo. Taifa limewakumbuka kwa urahisi watawala walioacha kuta na vita. Mtemi aliyetawala miaka mingi kwa kusuluhisha kesi za ng'ombe na kufungua ghala wakati wa njaa hakuacha ukuta wala risasi, kwa hiyo hakuacha ukurasa.

Matofali na bati

Jiwe, au angalau tofali, liliingia ikulu kwa mlango wa ukoloni. Waingereza walipotawala Tanganyika, Gavana Donald Cameron alileta utawala wa kupitia watawala wa jadi, na sheria ya mwaka 1926 ikamfanya mtemi kuwa mamlaka ya wenyeji inayotambuliwa na serikali. Mtemi akapata mshahara, hazina, karani na mahakama yenye daftari. Wilaya iliyozikusanya dola zetu nyingi ilikuwa Maswa, makao yake makuu Shanwa.

Karani anahitaji ofisi, na sanduku la fedha linahitaji mlango wenye kufuli. Kwa hiyo majengo ya matofali ya kuchoma na paa la bati yakaanza kusimama palipokuwa na msonge. Wakati huohuo desturi ya kurithi ilibadilika, na mtoto wa kiume akaanza kumrithi baba. Mambo hayo mawili yalikwenda pamoja. Makao yalitulia mahali pamoja kwa sababu jengo lilikuwa ghali kuliacha, na kwa sababu mrithi sasa alikuwa amezaliwa ndani yake. Ikulu ikaanza kufanana na mnara wa Uskoti, nayo ikapata udhaifu wa mnara huo: ilitegemea sheria iliyotungwa na mtu mwingine.

Watemi wa Usukuma waliunganishwa katika shirikisho lenye makao yake Malya, kuanzia miaka ya 1946 na 1947, pamoja na mpango mkubwa wa kuendeleza ardhi. Mkulima alilazimishwa kulima matuta, mfugaji alilazimishwa kupunguza ng'ombe, na anayetoa amri alikuwa mtemi. Chama cha TANU kilipoanzishwa mwaka 1954 kilinyimwa nafasi ya kufanya kazi Usukuma hadi 1958. Mtemi akajikuta amesimama kati ya serikali iliyomlipa na watu ambao wazee wao ndio waliowapigia ngoma wahenga wake.

Najua baadhi ya wazee hapa bado wana kinyongo na enzi hiyo, na wana haki nacho. Kuhifadhi makao ya watemi hakumaanishi kuwasafisha watemi. Waskoti hawakuijenga upya Eilean Donan kwa sababu wakuu wao wote walikuwa wema. Wakuu waliowahamisha watu kupisha kondoo wamo ndani ya historia hiyohiyo. Mahali palipotolewa amri ya kupunguza ng'ombe pana thamani ya kihistoria sawa na mahali palipofunguliwa ghala.

Baada ya 1963

Mwaka 1963 Bunge la Tanganyika lilifuta sheria iliyowapa machifu mamlaka ya utawala. Fanyeni ulinganisho na Uskoti ya 1746. Huko mkuu alipoteza mahakama akabaki na ardhi. Hapa mtemi alipoteza mahakama na hakuwa na hati ya kurudia, kwa maana sheria ya mwaka 1923 ilikwisha kuitangaza ardhi yote ya Tanganyika kuwa ya umma, na hata kabla ya hapo mtemi aliigawa ardhi kama mdhamini, hakuimiliki kama kabaila. Kwa upande wa haki ilikuwa heri: hakuna Msukuma aliyefukuzwa na mtemi wake kupisha kondoo. Kwa upande wa majengo ilikuwa hasara. Jengo la baraza lilikuwa mali ya serikali ya wenyeji, na serikali hiyo ilipokoma, likapewa matumizi mengine au likaachwa. Hakukuwa na MacRae wa Ntuzu mwenye hati mkononi na fedha mfukoni.

Mwaka 1974 ukaja uhamisho wa kwenda vijijini. Watu walihamishwa kutoka kwenye miji yao iliyotawanyika, wakawekwa kwenye safu za vijiji vipya. Kumbukumbu ya mahali hukaa kwa jirani anayepapita kila siku akienda kisimani. Jirani alipohamishwa, mti wa baraza ukabaki bila msimulizi. Pamba ikafuata. Simiyu leo ndiyo inayoongoza nchini kwa pamba, jambo la kujivunia, lakini plau la ng'ombe na trekta havijui itongo la mtemi.

Hata hivyo, utemi haukufa. Huko Bujora, Kisesa ya Mwanza, Padre David Clement, mmisionari kutoka Kanada, aliwakusanyia Wasukuma ngoma na vifaa vya watemi katika makumbusho ambayo hadi leo ndiyo hazina kubwa kuliko zote ya mambo yetu. Septemba 2021, hapohapo Kisesa, Rais Samia Suluhu Hassan alisimikwa na machifu kwa jina la Hangaya. Taifa linaloona heshima kumpa Rais wake jina la kichifu halina udhuru wa kutojua machifu hao walikaa wapi.

Sheria na kazi yetu

Sheria yetu ya Mambo ya Kale ni ya mwaka 1964. Inalinda moja kwa moja majengo na vitu vilivyotengenezwa kabla ya mwaka 1863. Cha baada ya hapo kinahitaji tamko la Waziri. Pimeni ikulu zetu kwa mstari huo. Zile za kabla ya 1863 hazina jengo la kulinda. Zile zenye jengo, za matofali na bati, ni za karne ya 20. Kwa hiyo ikulu ya Simiyu inaangukia nje ya sheria kwa pande zote mbili, na hakuna aliyekusudia iwe hivyo. Mstari wa 1863 uliwafaa waliokuwa wanafikiria misikiti ya Kilwa.

Dawa haihitaji kungoja sheria mpya. Tamko la Waziri linawezekana leo, ila Waziri hawezi kutangaza mahali ambapo hakuna aliyempelekea jina na mipaka yake. Jina na mipaka viko kwa wazee wa vijiji vya Ntuzu, Itilima, Kanadi, Meatu na Ng'wagala, na wazee hao wanapungua kila masika.

Naomba basi mambo matatu. La kwanza, kila serikali ya kijiji mkoani Simiyu ifungue daftari la mahali pa kale: ilipokuwa ikulu, aliyekaa hapo ni mtemi nani, makaburi yako wapi, mti upi ulikuwa wa baraza, ngoma zilikwenda kwa nani. Simu ya mkononi inatosha kuchukua alama ya mahali na sauti ya mzee. La pili, halmashauri zetu zisipime viwanja wala kugawa mashamba mapya kabla ya kuliangalia daftari hilo, na orodha ikikamilika ipelekwe Idara ya Mambo ya Kale ikiwa na maombi rasmi ya tamko. La tatu, walimu wa historia wawape wanafunzi kazi ya kukusanya masimulizi hayo, na kazi bora zionyeshwe kila Agosti katika maonyesho ya Nanenane kwenye viwanja vya Nyakabindi, kando ya mbegu na matrekta.

Hakuna hata moja kati ya hayo linalohitaji mfadhili kutoka nje. Yanahitaji karani wa kijiji, kalamu na nia. Wahenga wetu wa Kiswahili walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na ikulu za watemi wa Simiyu ni mali isiyo na daftari. Kesho asubuhi anzeni na mzee mkubwa kuliko wote katika kitongoji chenu, mwulizeni mtemi alikaa wapi, na andikeni jibu lake.